Madereva wakisukumiana kosa, abiria amdai nani?

Barua tulizozichagua safari hii zinatoka Mbeya, Songwe, Iringa na Njombe, na zote zinahusu watu walioumia wakiwa abiria wa bodaboda. Majina tumeyaondoa na maelezo tumeyafupisha. Majibu yanafuata sheria za Tanzania Bara.

SWALI: Nilipanda bodaboda Uyole kwenda Mwanjelwa. Mbele yetu kulikuwa na Noah iliyopunguza mwendo, boda akaanza kuipita, nayo ikakata kulia kuingia mtaani bila indiketa. Nimevunjika muundi, nimewekwa vyuma. Mwenye Noah anasema boda alikuwa anaovateki penye makutano. Boda anasema Noah haikuwasha taa. Askari ameniambia nisubiri kwanza ijulikane nani mkosaji. Na mimi sikuvaa helmeti. Je, nina haki yoyote? — Muuza nguo, Mbeya

JIBU: Unayo, na usisubiri. Ubishi wa nani amekosea zaidi ni wa wenye vyombo na kampuni zao za bima. Wewe hukushika usukani wala hendeli. Ikiwa wote wawili wamechangia ajali, sheria inakuruhusu kuwadai wote kwa pamoja, na kila mmoja wao anawajibika kwako kwa fidia nzima. Wakishakulipa ndipo warudi kugawana wao kwa wao kadiri ya makosa yao. Msingi wa mgawanyo huo uko kwenye Sura ya 310 ya sheria zetu, ile inayohusu ajali za vifo na mambo mengine ya madai, ambayo ndiyo pia inasema kwamba mtu aliyechangia madhara yake mwenyewe hapotezi dai lake, bali fidia inapunguzwa kwa kadiri mahakama itakavyoona ni haki.

Kwa hiyo usikubali kuambiwa umchague mmoja. Ukimshtaki boda peke yake, atasema kosa ni la Noah. Ukimshtaki wa Noah peke yake, atasema ni la boda. Na mahakama ikimwamini mdaiwa uliyenaye, unatoka mikono mitupu. Wataje wote kwenye barua ya madai na kwenye hati ya madai: madereva wawili na wamiliki wawili.

Sasa helmeti. Hapa watu wengi hutishwa bure. Kutovaa kofia ngumu ni kosa la barabarani, lakini kwenye fidia swali ni moja tu: je, kofia ingezuia jeraha hili? Kofia hailindi muundi. Kwa mguu uliovunjika, hoja hiyo haipaswi kukupunguzia hata shilingi. Ingekuwa umepasuka kichwa, hapo wangekuwa na la kusema. Mahakama ya Rufani ya Uingereza, katika shauri la mkanda wa gari la mwaka 1975, iliweka vipimo ambavyo mawakili wa huku bado huvitumia kuishawishi mahakama ingawa havitufungi: punguza asilimia 25 kama kinga ingezuia jeraha kabisa, asilimia 15 kama ingelipunguza kwa kiasi kikubwa, na usipunguze kitu kama jeraha lingetokea vilevile.

Tuchukue mfano wa hesabu. Tuseme mtu ameumia kichwa, fidia yake imekadiriwa shilingi 10,000,000, na mahakama imeona kukosa kofia kumechangia asilimia 15. Anabaki na 8,500,000. Kama Noah imebebeshwa asilimia 70 ya kosa la madereva na boda 30, basi baina yao Noah itabeba 5,950,000 na boda 2,550,000. Lakini majeruhi anaweza kuipata 8,500,000 yote kwa mwenye uwezo wa kulipa, ambaye mara nyingi ni yule mwenye bima hai.

Yanayoharibu madai kama yako kwa kawaida ni karatasi. Hakikisha PF3 yako, ile fomu ya polisi ya matibabu ya majeruhi, imejazwa na daktari sehemu yake yote, si muhuri tu, na jina lililoandikwa lifanane herufi kwa herufi na la kitambulisho chako cha NIDA. Tofauti ya herufi mbili inatosha kukurudisha kwa mwanasheria kuapa kiapo cha majina. (Kwa wengine wanaosoma: mgonjwa wa dharura anaanza kutibiwa, PF3 inafuata. Ndugu mmoja akaifuate kituoni wakati mgonjwa yuko chumba cha huduma.) Toa nakala tatu kabla hujaiacha popote.

Kisha nenda dawati la trafiki ukaandike maelezo yako wewe mwenyewe. Majalada mengi ya ajali yana maelezo ya madereva wawili na mchoro, na abiria ametajwa kwa mstari mmoja: "alijeruhiwa." Wewe ndiye uliyekaa nyuma ukaona. Eleza mwendo ulivyokuwa, indiketa kama iliwaka au haikuwaka, boda alikuwa upande gani wa mstari, na kama alipiga honi. Omba uoneshwe mchoro wa eneo la ajali. Uwe na upana wa barabara, mahali vyombo vilipogongana, alama za breki na makutano yenyewe. Mchoro usioonesha makutano unambeba boda. Usioonesha mstari wa katikati unambeba mwenye Noah. Andika pia namba ya jalada, majina ya madereva, namba za usajili (ya pikipiki huanza na MC), na kampuni ya bima ya kila chombo.

Bima siku hizi unaikagua mwenyewe kwenye mfumo wa TIRA, mamlaka inayosimamia bima nchini, uitwao TIRAMIS kwa kuweka namba ya usajili. Piga picha ya kinachoonekana: kampuni, tarehe ya kuanza, tarehe ya kuisha, na aina ya matumizi. Linganisha na tarehe ya ajali, na ikiwezekana saa. Tumeona bima "hai" ambayo ilikatwa jioni, ajali ikiwa asubuhi ya siku hiyohiyo.

Polisi wakimpeleka dereva mahakamani akatiwa hatiani, omba nakala ya hukumu iliyothibitishwa na mahakama. Muda wa rufaa ukishapita, Sheria ya Ushahidi inaichukulia hukumu hiyo kuwa uthibitisho kamili kwamba alitenda kosa hilo, na hapo kwenye madai unabaki kuthibitisha madhara. Lakini usidhani kwamba dereva ambaye hakushtakiwa ameponyoka. Kiwango cha uthibitisho kwenye madai ni cha chini kuliko kwenye jinai, na boda ambaye polisi walimwacha bado anaweza kudaiwa sehemu yake.

Kampuni ya bima inaandikiwa barua mapema, na ukifika kufungua shauri ipewe taarifa kabla hujafungua. Sababu ni hii: kwa kawaida unawashtaki dereva na mmiliki, siyo kampuni, kwa kuwa wewe huna mkataba nayo, lakini chini ya Sura ya 169, Sheria ya Bima za Magari, kampuni ndiyo inayopaswa kulipa hukumu iliyotolewa dhidi ya mteja wake, mradi ilijulishwa kuhusu shauri kwa wakati. Peleka barua kwa mkono na upigiwe muhuri wa kupokelewa kwenye nakala yako.

Jambo la mwisho kwako, mama. Vyuma vitatolewa siku moja, na kutolewa kwake ni gharama. Mwombe daktari wa mifupa aandike makadirio ya upasuaji huo, pamoja na asilimia ya ulemavu utakaobaki. Asilimia hiyo haiandikwi mfupa ukiwa bado haujaunga. Kampuni ikikuharakisha kusaini malipo mwezi wa pili, ujue vyuma havimo kwenye hesabu yao.

SWALI: Mdogo wangu aligongwa akiwa kwenye boda pale Ipogolo. Siku ya tatu boda alikuja wodini na kaka zake, wakatoa 150,000, wakasema tusaini karatasi kwamba tumemalizana. Mgonjwa alikuwa hajitambui vizuri, nikasaini mimi. Sasa matibabu yamefika karibu milioni moja. Nimemfunga mdogo wangu? — Dada, Iringa

JIBU: Hapana. Mdogo wako ni mtu mzima; hakukutuma, hakujua, na sahihi yako haiwezi kuuza haki yake. Pesa mliyopokea itatolewa kwenye fidia, basi. Hata angesaini mwenyewe akiwa kwenye maumivu na dawa, Sheria ya Mikataba inataka makubaliano yawe ya hiari na ya mtu anayeelewa anachokisaini, ingawa hapo angekuwa na kazi kubwa zaidi ya kuthibitisha.

Hatusemi mkatae msaada wa boda. Mwenye pikipiki anayekuja hospitali na pesa mkononi ni muungwana kuliko anayezima simu. Ila karatasi iandikwe ilivyo. Maneno yatoshe haya: "Nimepokea kutoka kwa fulani shilingi kadhaa zikiwa mchango wa matibabu ya awali. Malipo haya hayamalizi madai ya majeruhi." Tarehe, majina, sahihi, mashahidi wawili, mmoja kila upande. Mkimaliza, pigeni picha.

Nao bodaboda wanaosoma hapa wajue kwamba bima nyingi zinamkataza mteja kukiri kosa au kuahidi malipo bila ridhaa ya kampuni. Anayeandika "nimekubali nimemgonga, nitalipa kila kitu" anaipa kampuni yake sababu ya kumgeuka. Mchango wa matibabu usiotaja kosa hauna shida hiyo.

Kuna aina nyingine ya karatasi ya kuogopa zaidi: ile ya vishoka wanaozunguka wodini na kujitolea "kufuatilia bima". Huomba usaini hati ya uwakilishi, wapewe PF3 halisi na namba ya akaunti yao ndiyo iandikwe. Malipo ya bima yaingie kwenye akaunti ya majeruhi. Wakili anayestahili kulipwa ataandika makubaliano ya ada, atatoa risiti, na hatakimbia na PF3. Asiye na uwezo wa wakili anaweza kuanzia kwa wasaidizi wa kisheria, wanaotambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017. Ofisi ya ustawi wa jamii ya halmashauri itakuelekeza walipo.

SWALI: Lori lenye namba za Zambia liliibana bodaboda niliyopanda karibu na Mbalizi na kutuangusha korongoni. Liliachiwa baada ya siku mbili, likapita Tunduma. Nimekwama? — Msomaji, Songwe

JIBU: Hujakwama kama kuna kumbukumbu. Malori ya Zambia, Malawi na Kongo yanayotumia barabara hii huja na Kadi ya Njano ya COMESA, ambayo ni bima ya mtu wa tatu (inayomlipa aliyeumizwa na chombo, si mwenye chombo) inayofanya kazi nje ya nchi lilikosajiliwa. Tanzania ilijitoa COMESA, jumuiya ya soko la nchi za Mashariki na Kusini mwa Afrika, lakini imebaki kwenye mpango huo wa kadi. Madai hushughulikiwa hapahapa nchini kwa kiwango cha sheria zetu, huhitaji kwenda Lusaka. Kinachotakiwa ni namba ya kadi, nchi iliyoitoa, na tarehe zake. Kwa kawaida askari huziandika kwenye jalada kabla ya kuliachia lori. Nenda na taarifa hizo ofisi ya TIRA ya Kanda ya Nyanda za Juu Kusini, Mbeya, wakuelekeze anayepokea madai ya kadi hizo.

Mtu mwingine akikumbwa na hili: kichwa cha lori kina namba yake na trela lina namba nyingine. Piga picha zote mbili.

SWALI: Nina pikipiki nne nimewapa vijana kwa mkataba hapa Makambako. Kila kijana analeta hesabu kila siku, baada ya miezi kadhaa chombo kinakuwa chake. Mmoja amemwangusha abiria kwenye utelezi, abiria amevunjika mkono na ameniandikia mimi barua ya madai. Mimi sikuwepo, na pikipiki nimeshamuuzia kijana. Ninahusikaje? — Mmiliki, Njombe

JIBU: Kadi ya pikipiki ina jina la nani? Kama ni lako, mahakama itaanzia kwako, na mzigo wa kueleza kwamba chombo si chako tena utakuwa juu yako. "Nimemuuzia" bila kuhamisha umiliki TRA ni maneno tu mbele ya majeruhi. Na kama kijana analeta hesabu kila jioni, majeruhi atasema alikuwa barabarani kwa faida yako, na huenda akasikilizwa. Mkataba wa maandishi unaoonesha kwamba ni mauzo ya kulipa kidogo kidogo unakusaidia kiasi. Wa mdomo haukusaidii.

Lakini tunadhani shida yako kubwa iko kwingine: umekata bima ya aina gani? Wamiliki wengi hukata ile bima ndogo, ya mtu wa tatu, kwa matumizi binafsi kwa sababu ni nafuu, halafu chombo kinaenda kijiweni kubeba abiria wa kulipa. Siku ya ajali kampuni inafungua mfumo, inaona "binafsi", inasikia abiria alilipa nauli, na inakataa. Katika hilo kampuni ina hoja nzito, maana ilikubali kubeba hatari moja na wewe ukaitumia kwa nyingine. Dai lote linakurudia wewe na kijana. Kama bima yako ni ya biashara ya kubeba abiria, tulia: peleka barua ya abiria kwenye kampuni leo hiihii, bila kuijibu mwenyewe, pamoja na nakala ya leseni ya kijana yenye daraja la pikipiki, kadi, na leseni ya usafirishaji ya LATRA. Pikipiki isitengenezwe kabla haijakaguliwa na polisi.

Kampuni zina sababu nyingine za kukataa ambazo si nzito hivyo. Ya kawaida ni "mteja wetu alichelewa kutupa taarifa." Kuchelewa kwako baada ya ajali ni ugomvi wa wewe na kampuni, Sura ya 169 haikubali masharti ya aina hiyo yamnyime haki majeruhi. Kampuni itamlipa, kisha inaweza kukudai wewe. Abiria akipewa jibu kama hilo aombe liandikwe, likitaja kifungu cha bima kilichovunjwa. Barua hiyo ataipeleka TIRA, au kwa Msuluhishi wa Migogoro ya Bima, ofisi iliyowekwa na Sheria ya Bima ya mwaka 2009, ambako hakuna ada ya kulalamika.

Kuhusu utelezi: mvua si kinga. Dereva anatakiwa kupunguza mwendo kulingana na barabara, na tairi la nyuma lililoisha kashata ni ushahidi dhidi ya aliyekuwa analiendesha na aliyeliacha likaendeshwa. Mkaguzi wa magari huandika hali ya tairi na breki kwenye taarifa yake.

Na kijana mwenyewe? Bima ya mtu wa tatu haimlipi anayeendesha. Kama kosa ni lake peke yake, anajitibu.

SWALI: Tulipanda mishikaki, yaani wote kwenye pikipiki moja, mimi na watoto wangu wawili, kwenda kliniki Tukuyu kukiwa na ukungu. Daladala ilitugonga kwa nyuma. Mtoto wa miaka 6 ameumia. Wananiambia sina madai kwa kuwa tulizidi. — Mama, Rungwe

JIBU: Pole, mama. Kuzidi idadi kunaweza kupunguza fidia yako wewe, kama itathibitishwa kuwa kulichangia, kwa mfano boda alishindwa kuimudu pikipiki. Ukigongwa kwa nyuma na daladala isiyoacha nafasi kwenye ukungu, ni vigumu kuona idadi ya abiria ilichangia nini. Waulize kama taa ya nyuma ya pikipiki ilikuwa inawaka. Hilo lina uzito zaidi.

Mtoto ana dai lake, tofauti na lako. Hapimwi kwa akili ya mtu mzima, na uamuzi wako wa kumpandisha haukatwi kwenye fidia yake. Utalifungua wewe ukiwa mlezi, kwa jina lake. PF3 yake iwe peke yake, si kuandikwa chini ya jina lako.

SWALI: Ninauza viazi na parachichi, nimekaa ndani miezi mitano. Bima wanataka uthibitisho wa kipato. Sina hati ya mshahara. Nikusanye nini? — Mfanyabiashara, Uyole

JIBU: Hasara mahususi lazima itajwe kwa tarakimu na ithibitishwe moja moja, mahakama zetu hazina huruma katika hilo. Kipato cha sokoni kinathibitishwa hivi: taarifa ya miamala ya simu ya miezi 6 kabla ya ajali na miezi 5 baada yake, ili pengo lionekane, risiti za ushuru wa mazao, makadirio ya kodi ya TRA, kitambulisho cha mjasiriamali mdogo, na barua ya uongozi wa soko. Toa mtaji. Ukidai mauzo yote kana kwamba ni faida, hata sehemu ya kweli haitaaminika.

Kwenye matibabu, kusanya risiti za hospitali zenye kontrol namba na risiti za EFD za duka la dawa zikiwa na cheti cha daktari nyuma yake. Bajaji ya kwenda kliniki haina risiti, kwa hiyo weka daftari: tarehe, kutoka wapi, kiasi, na sahihi ya dereva, tarehe zilingane na kadi yako ya kliniki. Aliyekuhudumia nyumbani kwa malipo naye aandike. Malipo ya mganga wa mifupa wa kienyeji huwa magumu kupita, na ukimwendea kabla ya hospitali kampuni itasema mfupa ulipinda kwa sababu yake.

Maumivu, kovu, kushindwa kubeba gunia tena: hayo hayana risiti. Ni fidia ya jumla, inakadiriwa na mahakama, na ripoti ya daktari ndiyo inayoisukuma juu au chini. Kama ulikuwa umetumwa na mwajiri siku ya ajali, mwambie pia aripoti kwenye Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, WCF.

SWALI: Ajali yangu ina miaka miwili na miezi kumi. Kampuni bado inaniambia faili liko makao makuu. — Msomaji, Mafinga

JIBU: Fungua shauri mwezi huu. Madai ya uzembe yana miaka 3 tangu siku ya ajali, kwa Sheria ya Ukomo wa Muda, Sura ya 89, na mazungumzo na kampuni hayasimamishi saa hiyo. Ikipita, lipo ombi la kumwandikia waziri mwenye dhamana ya sheria aongeze muda, ila hatumjui mtu ambaye angependa kulitegemea. Kama aliyekugonga alikuwa na gari la serikali au la halmashauri, hali yako ni mbaya zaidi, kwa sababu unatakiwa kutoa notisi ya siku 90 kwanza, nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na wewe umebakiwa na siku kama 60. Katika hali hiyo muone wakili leo, na faili la makao makuu liendelee na safari yake.